Jua hupinda anga, lakini ulimwengu ni bapa: kauli hizi mbili zinapatanaje?

Mwalimu wa Donholm aliuliza:

Hamjambo wanajukwaa. Mimi hufundisha hisabati na fizikia katika shule moja ya upili huku Eastlands, na swali ninalolileta limetoka kwa wanafunzi wa klabu yetu ya sayansi, ingawa sasa limekuwa langu pia. Tulikuwa tumejadili nadharia ya uhusianifu ya Einstein, na jinsi mwaka 1919 wanaastronomia wa Uingereza waliosafiri hadi kisiwa cha Principe, katika pwani ya magharibi ya Afrika, pamoja na wenzao waliokwenda Sobral nchini Brazili, walivyopima mahali zilipoonekana nyota wakati wa kupatwa kwa Jua, wakakuta kwamba nuru inayopita karibu na Jua hupinda kwa kiasi alichokitabiri Einstein. Hilo wanafunzi walilikubali. Juma lililofuata msichana mmoja wa kidato cha tatu alikuja na makala iliyosema kwamba ulimwengu ni bapa, tena kwamba ubapa huo umepimwa kwa usahihi mkubwa, akauliza: ikiwa maada hupinda anga, na ulimwengu umejaa maada, ubapa huo umetoka wapi?

Nimesoma maelezo kadhaa. Mengi huanza kwa picha tatu, yaani tufe, seruji ya farasi na karatasi, kisha huishia hapo bila kusema ni nani aliyepima, alipima nini, na kwa kifaa gani. Isitoshe, picha hizo huzaa matatizo mapya, kwa maana mwanafunzi akionyeshwa karatasi huuliza mara moja ukingo wake uko wapi, na akionyeshwa tufe huuliza ndani yake mna nini.

Ningependa kuelewa ubapa huu ni wa kitu gani hasa, ulipimwa vipi, na kama kuna hesabu ambayo mwanafunzi wa kidato cha tatu anaweza kuifanya mwenyewe ubaoni badala ya kukariri jibu. Pia nieleweshwe kama kusema ulimwengu ni bapa ni sawa na kusema kwamba hauna mwisho.

Mpima Ardhi Mstaafu alijibu:

Mwalimu, salamu. Mimi si mwanaastronomia. Nilifanya kazi ya upimaji wa ardhi hadi nikastaafu, lakini swali lako ni la upimaji kuliko watu wanavyodhani, kwa hiyo nitaanzia ardhini.

Kwanza weka kando tufe na seruji. Kiumbe anayeishi juu ya uso fulani, asiyeweza kutoka nje yake na kuutazama kwa mbali, anaweza kujua kama uso huo umepinda kwa kupima pembe peke yake. Chukua pembetatu ambayo kona zake ni Nanyuki, mji uliokaa juu ya Ikweta. Mbandaka nchini Kongo, ambao nao uko karibu kabisa na Ikweta. Na Ncha ya Kaskazini. Kila mstari unaoshuka kutoka Ncha ya Kaskazini hukutana na Ikweta kwa pembe mraba, kwa hiyo kona ya Nanyuki ni digrii 90 na kona ya Mbandaka ni digrii 90, na hapo tumekwisha kufikisha 180 kabla hatujaihesabu kona ya tatu, ambayo ni tofauti ya longitudo ya miji hiyo miwili, takriban digrii 19. Jumla ni 199. Ziada hiyo ya digrii 19 inatosha kuthibitisha kwamba Dunia imepinda, bila mtu yeyote kupanda chombo cha angani.

Sasa punguza pembetatu. Simama juu ya vilima vya Ngong, mwenzako awe kwenye ukingo wa kreta ya Longonot, na wa tatu awe kileleni Kilimambogo. Eneo lililo kati yenu, kwa hesabu yangu, ni kama kilomita za mraba 2,150. Ziada ya pembe juu ya tufe hupatikana kwa kugawanya eneo la pembetatu kwa mraba wa nusu kipenyo cha tufe, na kwa kuwa nusu kipenyo cha Dunia ni kilomita 6,371, jibu likigeuzwa kuwa digrii linakuwa 0.003, yaani kama sekunde 11 za pembe. Kifaa kizuri cha upimaji huiona ziada hiyo. Kifaa chenye kosa la dakika moja ya pembe hakitaiona kamwe, na mpimaji mwaminifu anayekitumia ataandika kwamba nchi iliyo kati ya Ngong na Kilimambogo ni bapa kwa kadiri ya kifaa chake. Hatakuwa amedanganya. Ripoti zote za ubapa wa ulimwengu nazo zisomwe hivyo hivyo: kuna kipimo, kuna mpaka wa kosa lake, na kuna ukubwa wa pembetatu iliyotumika.

Kuhusu Jua, nadhani mwanafunzi wako ataelewa akikumbuka kwamba ndani ya pembetatu yangu mna miteremko, na upande mmoja kuna Bonde la Ufa lenyewe. Anayepima mteremko wa Ngong amepima kitu cha kweli, lakini mteremko huo haumwambii lolote kuhusu umbo la Dunia nzima. Mpindo wa nuru uliopimwa mwaka 1919, ambao nadharia inaupa sekunde 1.75 za pembe ukingoni mwa Jua, ni wa aina hiyo: ni wa mahali pamoja. Wanaosema ulimwengu ni bapa wanazungumzia wastani wa anga katika maeneo yenye upana wa mamia ya mamilioni ya miaka ya nuru, ambako galaksi zenyewe huonekana kama kokoto.

Linabaki lile swali gumu zaidi la msichana huyo, kwamba maada imo kote na kwa hivyo hata wastani ungepaswa kupinda. Hilo halijibiwi kwa pembe bali kwa uzito, nami namwachia anayelijua vizuri.

Binti Malindi alijibu:

Ahsante Mzee Mpima. Naomba nidakie hapo hapo.

Mwalimu, kauli ya kwamba maada hupinda anga ni nusu ya habari. Milinganyo ya Einstein, kama ilivyotatuliwa kwa ajili ya ulimwengu mzima na Alexander Friedmann mwaka 1922 na 1924, na kisha na Georges Lemaître mwaka 1927, inaweka pamoja vitu viwili: kasi ambayo ulimwengu unatanuka, na msongamano wa maada na nishati yote iliyomo. Mpindo wa anga ni tofauti iliyopo kati ya hivyo viwili. Msongamano ukizidi ule unaolingana na kasi ya kutanuka, anga hupinda kama uso wa tufe na pembetatu zake kubwa huwa na zaidi ya digrii 180. Ukipungua, anga hupinda kinyume chake na pembetatu hupungukiwa. Ukilingana, anga ni bapa. Kwa hiyo ubapa hautokani na kukosekana kwa maada, na jambo ambalo huwashangaza wengi ni kwamba ulimwengu mtupu kabisa unaotanuka ndio ambao anga yake ingekuwa imepinda, tena kwa nguvu, kwa mpindo ule wa seruji. Maada iliyomo inausawazisha. Einstein naye hapotezi kitu hapa, kwa kuwa kinachopinda katika nadharia yake ni anga pamoja na wakati, na huko kutanuka kwenyewe ni mpindo wa upande wa wakati.

Msongamano unaohitajika ili anga iwe bapa ni mdogo mno, sawa na atomu tano hivi za hidrojeni katika kila mita ya ujazo. Sasa swali linakuwa la kupima uzito: je, atomu hizo tano zipo?

Hapa Kenya ina sehemu yake katika historia, ambayo sielewi kwa nini haitajwi madarasani. Tarehe 12 Desemba 1970, katika maadhimisho ya uhuru wetu, roketi ya Marekani iliruka kutoka jukwaa la San Marco, lililokuwa la Waitaliano, baharini karibu na Malindi, ikiwa imebeba setilaiti ya kwanza iliyotengenezwa kwa ajili ya astronomia ya eksirei peke yake, nayo ikapewa jina la Uhuru kwa heshima ya siku hiyo. Miongoni mwa mambo iliyoyagundua ni kwamba vishada vikubwa vya galaksi, kama kile cha Coma, vinatoa eksirei kutoka eneo pana, na baadaye ikaeleweka kwamba chanzo chake ni gesi yenye joto la mamilioni ya digrii iliyojaa kati ya galaksi. Gesi hiyo ina uzito mkubwa kuliko nyota zote za kishada. Riccardo Giacconi, aliyeongoza mradi huo, alipata sehemu ya tuzo ya Nobel ya fizikia mwaka 2002.

Gesi ya vishada ikawa kipimo cha uzito. Mwaka 1993 Simon White na wenzake walilinganisha gesi na nyota za kishada cha Coma na uzito wake wote, pamoja na maada ya giza, yaani ile isiyoonekana ila hujulikana kwa mvutano wake, kisha wakauweka uwiano huo kando ya kiasi cha maada ya kawaida kilichojulikana kutokana na elementi nyepesi zilizoundwa katika dakika za kwanza za ulimwengu. Hesabu ilionyesha kwamba maada yote haiwezi kufikia kiwango cha ubapa. Vipimo vilivyofuata vimeiweka karibu na asilimia 30. Ukiishia hapo, ulimwengu umepinda kama seruji, na wapimaji wengi wa miaka hiyo waliamini hivyo, huku wananadharia wakiendelea kusisitiza ubapa ambao mizani iliukana.

Kisha mwaka 1998 makundi mawili ya watafiti, yaliyokuwa yakichunguza milipuko ya nyota za mbali, yalitangaza kwamba kutanuka kwa ulimwengu kunaongezeka kasi. Hilo lilihitaji nishati iliyotandaa kila mahali, ambayo leo inaitwa nishati ya giza, na kiasi chake kilikuwa karibu asilimia 70 ya kiwango cha ubapa. Hesabu za siku hizi zinatoa asilimia 5 kwa maada ya kawaida, 27 kwa maada ya giza na 68 kwa nishati ya giza. Kati ya zile atomu tano za kila mita ya ujazo, maada tunayoifahamu haifikishi hata atomu moja. Ni robo tu.

Mwalimu wa Donholm aliandika:

Nawashukuru nyote wawili. Jambo la ulimwengu mtupu kuwa ndio uliopinda limenifunua macho, nami nitaanza nalo katika kikao kijacho. Hata hivyo naona dada amepima uzito, na Mzee amepima pembetatu za duniani. Je, kuna aliyeipima pembetatu ya ulimwengu wenyewe? Msingi wa pembetatu kubwa kiasi hicho ungepatikana wapi, na urefu wake ungejulikanaje bila mtu kwenda huko?

Hesabu za Jioni alijibu:

Imepimwa, Mwalimu, na ndiyo hesabu uliyoiomba.

Kwa miaka 380,000 ya mwanzo ulimwengu ulikuwa gesi ya moto iliyong'aa, isiyopenyeka kwa nuru, na ndani yake mawimbi ya sauti yalisafiri kwa zaidi ya nusu ya kasi ya nuru. Gesi ilipopoa kiasi cha atomu kuweza kuundwa, nuru ikaachiliwa na mawimbi yakasimama yalipofikia. Nuru hiyo bado inatufikia kutoka kila upande, ikiwa imepoa hadi digrii 2.7 tu juu ya sifuri halisi. Ndiyo mnururisho wa mandharinyuma ambao Arno Penzias na Robert Wilson waliunasa mwaka 1964 bila kuutafuta. Mahali mawimbi yaliposimama pameacha madoa, mengine yenye joto kidogo na mengine yenye ubaridi kidogo, kwa tofauti ya kama sehemu moja kati ya 100,000.

Msingi wa pembetatu ni umbali ambao sauti ilisafiri tangu mwanzo hadi siku hiyo. Haukuhitaji mtu kwenda huko, kwa sababu mwendo wa sauti katika gesi ya moto ni fizikia ya kawaida, na uwiano wa vitu vilivyomo unasomeka katika madoa yenyewe. Umbali huo, ukitanuliwa hadi vipimo vya leo, ni takriban miaka ya nuru milioni 470. Pande mbili ndefu za pembetatu ni njia ya nuru kutoka huko hadi kwetu, ambayo kwa vipimo vya leo ni takriban miaka ya nuru bilioni 45. Sasa mwambie mwanafunzi agawanye milioni 470 kwa bilioni 45. Atapata 0.0104, na akizidisha kwa 57.3 ili kupata digrii, jibu ni 0.6, yaani upana unaozidi kidogo ule wa mwezi mpevu. Hiyo ndiyo pembe inayotarajiwa ikiwa anga ni bapa. Katika anga iliyopinda kama tufe miale ingekaribiana na pembe ingeonekana kubwa zaidi. Katika anga ya seruji, ile iliyotokana na maada ya asilimia 30 peke yake, pembe ingekuwa karibu nusu ya hiyo.

Setilaiti ya COBE, iliyotoa ramani ya kwanza mwaka 1992, haikuwa na uwezo wa kuona vitu vidogo hivyo. Jibu lilikuja Aprili 2000, wakati kundi la BOOMERanG, lililokuwa limerusha darubini kwa puto kuzunguka Antaktika, lilipochapisha ramani yenye madoa ya takriban digrii moja, ukubwa unaotazamiwa pembe hiyo inapokuwa 0.6. Darubini nyingine ya puto, MAXIMA, ikaafikiana nayo mwezi uliofuata. Baadaye setilaiti ya Marekani iitwayo WMAP, na hatimaye setilaiti ya Planck ya Ulaya iliyofanya kazi kati ya 2009 na 2013, ziliipima pembe ya sauti kwa usahihi wa sehemu 3 kati ya 10,000.

Mimi binafsi sivutiwi sana na usahihi huo. Kinachonivutia ni kwamba mizani ya Binti Malindi ilikuwa imefikia asilimia 100 kwa kujumlisha vishada vya galaksi na milipuko ya nyota, bila kuitazama pembe yoyote, na miaka miwili baadaye pembe ikatoa jibu lile lile bila kupima uzito wa kitu chochote.

Msomaji wa Kasarani aliandika:

Naomba kuuliza kama mtu asiye mtaalamu. Hiyo bilioni 45 imetoka wapi? Ikiwa umbali huo ulihesabiwa kwa kudhani kwamba ulimwengu ni bapa, kisha ukatumika kuonyesha kwamba ni bapa, basi mmezunguka na kurudi mlipoanzia.

Hesabu za Jioni alijibu:

Ndugu, umegusa mahali penye udhaifu wa kweli. Hebu tupatazame vizuri.

Bilioni 45 ni umbali unaotolewa na ulimwengu bapa wenye maada na kasi ya kutanuka tunayoifahamu. Ukitumia ramani ya nuru kongwe, yaani ule mnururisho wa mandharinyuma, peke yake, unaweza kuchagua anga iliyopinda kidogo kama tufe, ukapunguza kasi ya kutanuka ili umbali ubadilike kwa kiasi kinachofaa, na pembe ikabaki vile vile, digrii 0.6. Pembetatu moja haitoshi, kwa sababu tunajua msingi wake na pembe yake lakini hatukuupima upande mrefu.

Mwaka 2019 jambo hili liliwasha mjadala mkali. Eleonora Di Valentino, Alessandro Melchiorri na Joseph Silk walichapisha makala wakionyesha kwamba data ya Planck, ikichukuliwa peke yake kwa namna fulani, inapendelea ulimwengu uliopinda kama tufe, wenye msongamano uliozidi kiwango cha ubapa kwa takriban asilimia 4. Hawakuwa wababaishaji, hesabu yao ilitoka katika data ile ile rasmi. Tatizo ni kwamba jibu hilo linaitaka kasi ya kutanuka iwe karibu kilomita 54 kwa sekunde kwa kila megaparseki (umbali wa miaka ya nuru milioni 3.26), ilhali mbinu nyingine zote zinatoa kati ya 67 na 74 hivi. George Efstathiou na Steven Gratton waliichambua upya data ya Planck mwaka 2020 na kupata kwamba inaafikiana na ubapa, na darubini ya Atacama nchini Chile, iliyopima nuru hiyo hiyo kwa vifaa vyake yenyewe, ilipata ubapa mwaka huo huo. Nami nakubaliana na wanaosema kwamba ziada ile ilikuwa bahati ya takwimu, ingawa naona makala yenyewe ilifaa kuandikwa, kwa kuwa iliwalazimisha watu kusema wazi ni kipimo kipi kinachobeba uzito wa hitimisho.

Kinachoubeba ni pembetatu ya pili. Mawimbi ya sauti ya mwanzo hayakuacha alama katika nuru tu; yaliacha pia katika maada, na maada ilipojikusanya kuwa galaksi, ilitokea kwamba jozi za galaksi zinazotengana kwa takriban miaka ya nuru milioni 480 ni nyingi kidogo kuliko inavyotarajiwa kwa bahati tu. Alama hiyo iligunduliwa mwaka 2005 katika ramani za galaksi za miradi ya Sloan na 2dF. Sasa una msingi wa urefu ule ule ukiwa karibu nasi zaidi, katika umbali mbalimbali, na kila mmoja una pembe yake. Hapo huwezi tena kuipunguza kasi ya kutanuka upendavyo, kwa maana pembetatu za karibu zitaharibika. Planck pamoja na galaksi hizo inatoa mpindo wa 0.001, ukihesabiwa kama sehemu ya kiwango cha ubapa, kwa kosa la 0.002 kila upande, ambapo sifuri ni ubapa kamili. Kwa hiyo duara ulilolishuku lilikuwepo, na limekatwa na kipimo cha ziada, si kwa kudhani.

Mpima Ardhi Mstaafu aliandika:

Hapo ndipo mpimaji hutaka kujua tarakimu hiyo ina maana gani kwa nusu kipenyo, kama nilivyofanya kwa Dunia. Kosa la 0.002 likitafsiriwa kwa ukarimu, ulimwengu kama umepinda una nusu kipenyo cha mpindo kinachozidi miaka ya nuru bilioni 200, wakati sehemu yote tunayoweza kuiona ina nusu kipenyo cha bilioni 46. Tuko kama mpimaji wangu wa dakika moja kule Ngong. Anaweza siku moja kupata kifaa bora na kuthibitisha kwamba nchi imepinda, lakini hakuna kifaa kitakachomthibitishia kwamba ni bapa kabisa, kwa sababu daima kunaweza kuwa na mpindo mdogo kuliko kosa lake.

Tena kuna mpaka ambao hata kifaa kamilifu hakiuvuki. Vikusanyiko na matundu ya maada katika sehemu tunayoiona huipinda anga kidogo hapa na pale, kwa hiyo mpindo wa jumla ukiwa chini ya takriban sehemu moja kati ya elfu kumi hadi laki moja hauwezi kutofautishwa na miteremko hiyo ya mahali.

Binti Malindi alijibu:

Nami niongeze tu kwamba udogo huo wenyewe ndio uliowasumbua wananadharia. Mpindo huelekea kukua kadiri ulimwengu unavyozeeka ukitawaliwa na maada au mnururisho, hivyo ili uwe mdogo leo, ilibidi sekunde moja baada ya mwanzo usizidi sehemu moja kati ya 1,000,000,000,000,000. Robert Dicke alilionyesha tatizo hilo mwishoni mwa miaka ya 1960, na Alan Guth akapendekeza mwaka 1981 kwamba katika sehemu ndogo mno ya sekunde ya kwanza anga ilifumuka kwa kasi isiyo ya kawaida, ikanyooshwa. Ndiyo sababu waliuamini ubapa kabla mizani haijafika. Mfumuko huo unakubalika na wengi, lakini si kipimo, na sipendi kuuona ukitolewa darasani kama ushahidi wa ubapa. Ushahidi ni pembe na uzito.

Mwalimu wa Donholm aliandika:

Limebaki moja tu, ambalo najua nitaulizwa kabla sijaketi: kama ni bapa, je, hauna mwisho?

Hesabu za Jioni alijibu:

Hapana, Mwalimu, hilo halifuati. Ubapa ni habari ya pembe za pembetatu, na pembe haziamui jinsi anga inavyojiunga na yenyewe. Kunja mkeka mpaka kingo zake mbili zikutane na uwe kama bomba: pembetatu uliyoichora juu yake bado ina digrii 180, kwa sababu hakuna ukili hata mmoja uliovutwa wala kubanwa, lakini sasa anayetembea upande mmoja bila kukata kona atarudi alipoanzia. Hisabati inaruhusu anga ya pande tatu ijiunge hivyo katika kila mwelekeo, bila bomba wala kitu chochote cha nje cha kuikunjia. Ulimwengu wa namna hiyo ungekuwa bapa, wenye ujazo wa kuhesabika, na usio na ukingo mahali popote. Anga ya tufe, kwa upande wake, ina ujazo wenye kikomo daima. Anga ya seruji inaweza kuwa na kikomo au isiwe nacho.

Jambo hili nalo limetafutwa kwa vipimo. Kama ulimwengu ungejiunga na wenyewe katika umbali mdogo kuliko ule ambao nuru kongwe imesafiri, tungeona sehemu moja ya nuru hiyo kutoka pande mbili za mbingu, na katika ramani kungekuwa na jozi za duara zenye mpangilio sawa wa madoa. Neil Cornish, David Spergel na Glenn Starkman walizitafuta katika ramani ya WMAP, na kundi la Planck likazitafuta tena katika ramani yake iliyo bora zaidi. Hakuna jozi iliyopatikana. Kwa hiyo mwambie mwanafunzi kwamba ulimwengu ama hauna mwisho, ama unajiunga na wenyewe mbali kuliko duara hizo zinavyoweza kuonyesha, na kwamba katika hali zote mbili hesabu yake ya digrii 0.6 inabaki vile vile.